Mama wa Kwenye Bango la Mamboleo

Perez anakaanga mgongo wazi pale Otonglo, upande wa kwenda Busia. Ukimkuta asubuhi amejifunga leso, uso uking'aa mafuta, huwezi kudhani huyo ndiye mama anayecheka kwenye bango kubwa la Mamboleo, ameinua kigongo cha softiboli huku mtoto akiwa mgongoni. Ni yeye. Na hilo bango, mimi nikilipita hata leo, mate huwa machungu mdomoni.

Kwa wasiojua, mgongo wazi ni mbuta, yule samaki mkubwa wa ziwani, aliyekwisha kutolewa minofu kiwandani. Minofu inakwenda ng'ambo. Sisi tunabaki na kichwa, uti na mkia, tunakaanga mpaka vikauke, na watu wanakula wakilamba vidole. Timu yetu ya kina mama tuliiita hivyo hivyo, Mgongo Wazi. Wasichana wa timu nyingine walitucheka sana kwa jina hilo mpaka walipokutana na mkono wa Perez.

Mimi na yeye tumeolewa na ndugu wawili, kwa hiyo tunaitana nyieka. Yeye alitangulia kuingia kwenye boma. Ndiye aliyenionyesha mahali pa kuteka maji na jinsi ya kumnyamazisha mama mkwe kwa chai ya mapema. Nilipojifungua binti yangu na maziwa yakakataa kutoka, Perez ndiye aliyekaa nami akinikanda kwa kitambaa cha moto, akinisemesha upuuzi mpaka nikacheka, na maziwa yakaja. Kwa hiyo nikimsema, najua ninachosema.

Alizaliwa Ahero, katikati ya mashamba ya mpunga. Mpunga ukianza kukomaa, ndege wadogo hushuka kama wingu, na watoto wa huko wanapewa kazi ya kuwafukuza. Perez alisimama kwenye tuta kutwa nzima, tope mpaka magotini. Wavulana walikuwa na kombeo. Yeye alikuwa na hilo tope. Sasa tope bichi, aliniambia, ukilirusha kwa juu kama mtu anayerusha jiwe, linakumwagikia mwenyewe kichwani. Lazima ulirushe kwa chini, mkono upite karibu na paja, uliachilie mwishoni kabisa. Na alirusha kwa mkono wa kushoto. Nyanyake aliufunga mkono huo kwa kitambaa ili azoee wa kulia. Ndege wakala mpunga, kitambaa kikafunguliwa.

Shuleni alimkuta Mwalimu Wechuli, mtu wa Bungoma, ambaye alikuwa ameleta mchezo ambao hakuna aliyeujua. Mmoja anarusha mpira, mwingine anaupiga kwa kigongo, kisha anakimbia kuzunguka vituo vinne mpaka arudi alipoanzia. Kumbe kwenye softiboli mrushaji hurusha kwa chini. Mwalimu alimpa Perez mpira, akamwambia ajaribu tu. Mpira ukapita mpigaji kabla hajainua kigongo. Mwalimu akaanza kucheka peke yake.

"Nani amekufundisha?"

"Ndege, mwalimu."

Akamwambia kuna siku atavaa jezi ya taifa. Mwalimu anasema neno kama hilo halafu anapata uhamisho, anasahau. Mtoto hasahau. Perez alimaliza darasa la nane, mafuriko yakachukua nyumba yao pamoja na mpunga, masomo yakaishia hapo, akaja kuolewa Otonglo. Lakini nilipomuuliza mwaka wa kwanza nilipomjua anataka nini duniani, nikidhani atasema nyumba ya mawe, aliniambia, "Nyieka, nataka ile jezi. Hata siku moja tu."

Kwa hiyo akatengeneza uwanja mwenyewe. Kanisa letu lina kiwanja nyuma ya soko, na pasta alikubali tukitumie Jumapili baada ya ibada na jioni za siku nyingine kama soko limelala. Perez aliomba nyavu zilizochakaa kwa wavuvi wa Usoma, akazishona moja baada ya nyingine mpaka zikawa pazia refu la kuzuia mpira usipotelee barabarani. Vituo alivishona kwa magunia, akajaza pumba za mpunga kutoka kwao Ahero. Mistari tuliichora kwa majivu ya meko yetu. Mchezo ukiisha tunakunja wavu, tunabeba magunia kichwani, na kiwanja kinabaki cha kanisa kama kilivyokuwa.

Wachezaji aliwatafuta sokoni. Wahu alikuwa wa kwanza, yule Mkikuyu anayeuza viatu vya mitumba, mrefu, mikono kama makasia. Yeye alikaa kituo cha kwanza, na mpira wowote uliokwenda upande wake haukumpita. Wengi wetu tulikuwa na watoto wa kunyonya, na hapo ndipo Perez alipoweka sheria ambayo sijaisikia mahali pengine. Anayekwenda kupiga anampa mtoto yule aliyetoka kupiga. Ukishindwa, yaani umetoka, hukai chini kununa. Unanyoosha mikono unapokea mtoto.

"Umetoka?" Wahu alikuwa akipaza sauti. "Pole mama, shika zawadi yako!"

Watoto walizoea. Laban wa Perez alikuwa akipita mikono yote ya timu katika mchezo mmoja na analala katikati. Tulicheza hivyo msimu mzima, tukapiga timu za vyuo, wasichana wenye viatu vya meno. Walikuja wakitucheka na waliondoka wakiuliza huyo mama wa kushoto ni nani.

Ndipo habari zikafika kwa Baraza.

Baraza ni wale wakubwa wa besiboli na softiboli wa nchi nzima. Wao ndio wanaochagua timu ya taifa, wao ndio wanaosema nani anacheza wapi. Katibu wao ni Bildad, na huyo si mgeni. Bildad amekulia hapa hapa Otonglo, mama yake alikuwa akiuza sukuma wiki hatua chache kutoka meko ya Perez. Alipoteremka kwenye gari lake jeupe watu walimshangilia kama bwana harusi. Alikuwa na mpiga picha na masanduku ya glavu mpya, za ngozi, ambazo zilinukia vizuri mpaka Wahu akaivaa moja usoni.

"Mama zangu," Bildad akasema, "nyinyi ni hadithi ambayo dunia inaingoja. Chukueni glavu. Chukueni watoto pia. Watoto ndio muhimu, nataka niwaone wote."

Kulikuwa na glavu moja tu ya mtu wa kushoto. Perez alikuwa ameishi na glavu za kulia, akizivaa kinyume, kidole gumba kikiwa mahali pa kidole cha mwisho. Aliingiza mkono ndani ya ile moja. Akaufungua, akaufunga. Nilimwona akiinusa akidhani hakuna anayemtazama.

Wakatupiga picha. Tukiwa tumesimama, tukiwa tumeketi, mtoto akinyonya, mtoto akishika mpira. Bildad alitaka tucheke. Tukacheka, kwani tulikuwa na furaha kweli. Alisema jina Mgongo Wazi halifai machoni pa wafadhili, tutaitwa Lakeside Queens. Wahu akamuuliza, "Malkia gani ananuka samaki?" Bildad naye akacheka.

Halafu kamera ilipofungwa, kijana wa Baraza akapita na sanduku tupu.

"Glavu hapa, kina mama."

Tulidhani ni mzaha. Bildad akaeleza, bila haya, kwamba glavu ni mali ya Baraza, zinazunguka nchi, zitarudi siku ya mchujo wa timu ya taifa. Perez alikuwa wa mwisho kutoa yake. Niliona kijana akiivuta taratibu kutoka mkononi mwake, kama mtu anayemvua mtoto aliyelala soksi.

"Lakini wewe," Bildad akamwambia, akimshika bega, "wewe jiandae. Mchujo ukifika nakutaka kwa safari ya mashindano ya Kampala. Jezi yako iko."

Kwa neno hilo Perez alisamehe glavu. Mimi sikusamehe, lakini nilinyamaza, kwa sababu niliona uso wake.

Bango likapanda Mamboleo baada ya hapo, picha ya Perez na Laban, na maandishi kwamba softiboli ni mchezo wa kila mama. Madereva wa boda walianza kumwita Mama Bango. Alikuwa anawarushia maganda ya ndizi, kwa chini, na hakukosa.

Siku ya mchujo ilipokaribia, uwanja wa mjini ulikuwa umechukuliwa na mkutano wa maombi. Baraza likakumbuka kwamba Otonglo kuna kiwanja chenye wavu. Wakapiga simu. Perez hakuuliza swali. Alikwenda Ahero akaleta pumba mpya, akashona upya magunia, akakesha na sindano kwenye yale matundu ya wavu. Alfajiri tulichora mistari ya majivu wenyewe. Wakaja na hema lao, viti vya plastiki, maji ya chupa, na wasichana kutoka kaunti nyingine. Refa alikuwa Joram, mzee mpole mwenye filimbi shingoni, ambaye ametuchezesha mara nyingi.

Kabla hata hatujafungua leso za kuwalaza watoto, kijana wa Baraza akaanza kufunga kamba kuzunguka uwanja.

"Watoto nje ya kamba," akatangaza. "Leo kuna wageni wa maana. Hii ni timu ya taifa, si kliniki."

Perez akamwendea Bildad pale hemani. Nilikuwa nyuma yake na Laban mkononi.

"Katibu, huyu bado ananyonya. Hajui kikombe. Akae tu kwa benchi yetu, nyieka anamshika."

"Mama Laban, usinitie aibu. Sheria ni sheria."

"Sheria gani? Si ni wewe ulisema watoto ndio muhimu?"

"Hiyo ilikuwa picha." Alisema polepole, kama anayefundisha. "Picha ni picha, mchezo ni mchezo. Unataka jezi ama hutaki?"

Na akaishika jezi mbele yake. Nyekundu, mpya, jina la nchi kifuani. Nawaambia ukweli, ningekuwa mimi ningemtemea. Lakini mimi sikufukuza ndege kwenye tope nikiota kitu kimoja tu. Perez aliitazama jezi, akanitazama mimi.

"Nyieka, nitarusha haraka," akasema. "Nitamaliza haraka nimnyonyeshe."

Tukatolewa nje ya kamba, mimi na wengine wenye watoto, tukakaa kando ya mtaro ambapo hakuna mti. Kina mama wengine ambao walikuwa wamekuja kujaribu bahati yao waliona hakuna wa kuwashikia watoto wakaacha. Jua likatuangukia. Ndani ya hema, safu mbili za viti zilikuwa tupu, na chupa za maji zimepangwa juu yake zikiwangoja wageni wa maana ambao hawajafika.

Perez akasimama katikati ya uwanja na jezi nyekundu. Ah, jamani. Yawa, mngemwona. Mkono ukapita karibu na paja, mpira ukatoka, na msichana wa kwanza hakujua umepitia wapi. Wa pili akapiga hewa mpaka akazunguka akaketi. Wahu kule kituo cha kwanza alijifanya anapiga miayo. "Mimi nitaleta kitanda hapa," akasema kwa sauti, "huku hakuna kazi leo!" Hata wale wasichana walicheka. Joram alikuwa akisema "Ametoka" kwa furaha ambayo refa hapaswi kuwa nayo.

Basi Laban akaamka.

Alianza na kile kilio kidogo cha kutafuta. Nikampa maji kwa kijiko, akatema. Nikamwachia mwenzangu binti yangu, nikamfunga Laban mgongoni nikatembea naye. Akamsikia mama yake akiongea na Wahu, na hapo akalia kwa nguvu zake zote, mwili umekakamaa kama kijiti. Nilijaribu kumpa titi langu, akageuza uso. Anajua la kwake.

Mama yeyote anayesoma hapa anajua kilichofuata. Mtoto wako akilia hivyo, mwili haungoji ruhusa ya mtu. Nilimwona Perez akisimama na mpira mkononi, na kifua cha jezi nyekundu kikalowa pande mbili, madoa yakaenea. Akarusha tu. Akamtoa huyo mpigaji. Akainua mkono.

"Refa, naomba dakika."

"Una dakika, mama," Joram akasema, akapuliza filimbi.

Bildad akatoka hemani mbio, tai inapepea. Wageni ndio walikuwa wanateremka garini, mpiga picha anakimbilia uwanjani.

"Nani amesimamisha? Joram, nani amekuambia usimamishe?" Kisha akamwona Perez kifuani, akafanya uso kama mtu aliyekanyaga kitu. "Ala! Mama, ni nini hii? Funika hiyo aibu. Hiyo ni jezi ya taifa, unaichafua mbele ya wageni! Vua, mpe msichana mwingine, halafu ukaoshe."

Uwanja mzima ulisikia. Wale wasichana, wazee waliokuwa wamesimama barabarani, pasta wetu, wote. Mtu aliyelelewa kwa sukuma wiki ya mama yake, ambaye mama huyo huyo alimnyonyesha kwenye gunia kando ya barabara hii, watu wanapita, na hakuna aliyemwambia afunike aibu.

Perez hakupiga kelele. Hasira yake haina kelele, inamkausha midomo tu. Alivua jezi palepale. Ndani alikuwa na fulana yake ya sokoni, nayo imelowa. Aliikunja jezi vizuri, mikono ndani, kama nguo ya kanisani, akamwekea Bildad juu ya mikono.

"Umesema niivue. Haya. Hayo si matope, katibu. Ni maziwa. Hata wewe uliyanywa."

Akaruka kamba, akaja mtaroni, akakaa chini kando yangu akamchukua Laban. Mtoto alinyamaza kwa kwikwi. Perez alimnyonyesha akiangalia uwanja, mkono wake wa kushoto juu ya kichwa cha mtoto. Nilikuwa nimeuma mdomo mpaka ukatoa damu.

"Endeleeni, endeleeni," Bildad alikuwa anapiga makofi. "Mrushaji mwingine!"

Laban aliposhiba, Perez alinipa nimcheulishe. Akasimama, akapangusa leso. Nilidhani anakwenda nyumbani. Akaenda kwenye wavu. Akafungua kamba ya nguzo ya kwanza, akaanza kukunja.

"Wewe mama, unafanya nini?" kijana wa Baraza akauliza.

"Nachukua wavu wangu."

Wahu alielewa kabla ya sisi wote. Aliinama, akainua gunia la kituo cha kwanza, akaliweka kichwani, akatembea nalo mbele ya wageni kwa ule mwendo wake wa twiga. Mwenzake akachukua la pili. Mimi nikamfunga Laban mgongoni nikalifuata la tatu. Kina mama waliokuwa mtaroni wakaingia na watoto wao, wakavuka kamba kana kwamba haipo, wakaanza kufuta mistari ya majivu kwa miguu.

"Huu ni uharibifu!" Bildad akapaza sauti. "Nitawafungia! Hamtacheza popote nchi hii! Joram, sema kitu!"

Joram alikuwa amesimama juu ya gunia la mwisho. Akashuka, akaliokota, akapangusa vumbi, akampa Perez.

Kiwanja kikabaki majani tu ya kanisa, na hema, na wageni waliosimama wakiuliza mchezo uko wapi.

Walitufungia kweli. Tangazo lilisomwa redioni kwamba timu ya kina mama wa Otonglo imeondolewa kwa utovu wa nidhamu. Joram naye hawamwiti tena. Safari ya Kampala iliondoka bila Perez, na siku hiyo alikaanga samaki kama kawaida, ila mafuta yaliungua mara mbili na hakuna mteja aliyethubutu kulalamika. Watu wengine hapa sokoni wanasema alijiharibia. Wanasema angevumilia kidogo, jezi nyingine ingepatikana, mtoto kulia si kufa. Mama mkwe wetu ni mmoja wao. Mimi nasikia, naosha sufuria, nasugua mpaka masizi yanatoka na rangi pia.

Lakini bango hawakuliteremsha. Hilo ndilo linaloniwasha. Walimfukuza mama wakabaki na picha yake, anacheka pale juu mvua na jua, anawaitia wafadhili.

Wiki iliyopita simu yangu ililia tukiwa kwenye meko. Ilikuwa sauti ya Bildad, imepakwa asali.

"Maryanne dada yangu, habari ya nyumbani? Perez hashiki simu yangu. Sikiliza, kuna wageni wanakuja kutoka ng'ambo, wameona bango, wanataka kuwaona kina mama wakicheza. Na watoto. Mwambie yale yamekwisha. Mwambie aje na wavu."

Niliweka sauti kubwa Perez asikie. Alikuwa anageuza kichwa cha mbuta kwenye mafuta. Hakuinua macho.

"Na jezi?" akauliza.

"Jezi ipo! Ipo, mama. Atavaa siku hiyo, tutapiga picha, halafu..."

Bildad alijikatiza mwenyewe, lakini amechelewa, tulishajua itarudi sandukuni kama zile glavu. Wahu, aliyekuwa amekuja kununua, akaguna.

"Mwambie katibu," Perez akasema, "yule mama anayemtaka yuko Mamboleo. Yuko juu ya nguzo, hanyonyeshi, halowani, anacheka siku zote. Aende akamwombe yeye arushe."

Akanyoosha mkono wake wa kushoto, wenye mafuta, akaikata simu. Alama ya kidole chake ilibaki kwenye kioo, na mimi sijaipangusa.

Jumapili tulicheza. Hatuna ruhusa ya mtu isipokuwa ya pasta. Joram alikuja na filimbi yake. Nilikwenda kupiga nikamwachia Wahu binti yangu, na Perez akanitoa bila huruma, mpira wake wa tatu sikuuona hata kidogo.

"Umetoka, nyieka," akasema, bado hatabasamu. "Shika mtoto."

Nikanyoosha mikono.